Nyota Mkia Iliyopotezwa Njia

Mama yangu mpenzi,

Shikamoo. Natumaini goti limepata nafuu na unapanda ngazi bila kumlaani fundi aliyezijenga. Mimi mzima, ila sauti imekauka kwa kuwaeleza watoto wa shule habari za mbingu kutwa nzima.

Jumanne baba aliingia kwenye jumba letu la sayari, tunamoonyesha nyota darini. Alikaa mstari wa mbele, katikati ya wanafunzi, kofia mapajani, amekonda. Sikumsalimia. Nilizima taa nikaendelea na kazi.

Somo lilikuwa nyota mkia. Niliwaeleza kwamba njia yake si duara bali duaradufu, ndefu na nyembamba, na jua halikai katikati, limesogea upande mmoja. Ikiwa mbali hujikokota miaka na miaka. Ikilikaribia jua, mvuto huizidishia kasi, inawaka, inatoa mkia, kila mtu anatoka nje kuishangaa, kumbe imeshageuka inakwenda zake. Nilikuwa namtazama yeye. Ndivyo alivyotujia kila mara: zawadi mkononi, geti linapakwa rangi, wewe unaimba jikoni, na kabla rangi haijakauka keshaondoka. Wewe ukabaki kuugua. Mama, bado namchukia, tena kwa moyo mkunjufu.

Mtoto mmoja aliuliza kama ni lazima irudi. Nikamjibu si lazima. Ikipita karibu na sayari kubwa kama Mshtarii, mvuto wa sayari hiyo unaweza kuipindisha njia ikatupwa nje, isionekane tena.

Watu walipotoka, baba alinifuata. Alisema mwanamke wake amemfukuza, amechoka kutangatanga, niende nikamwombee kwako, kwani wewe hujawahi kumfungia mlango. Alisema hivyo akitabasamu. Tabasamu lile ndilo lililomponza.

Nilimwambia umeshafariki.

Alikaa sakafuni akalia, akauliza kaburi liko wapi. Nikamwambia uliacha wosia asionyeshwe. Nikamsindikiza hadi mlangoni, nikarudi kuwasha mitambo kwa kundi lililofuata.

Kwa hiyo, mama, wewe ni marehemu tangu Jumanne. Msalimie mdogo wangu, umwambie apunguze kucheka, nyumba ina msiba. Nawe najua moyo wako. Ukitaka kufufuka, shauri yako, ila mimi sitakuzika mara ya pili.

Ni mimi,
kifungua mimba wako.