Jina Langu Halikuwa Kwenye Amri

Karungu,
12 Mei 1968

Kwa kaka yangu Walter,

Pokea salamu zangu na za Mama. Sisi tuko wazima, ila goti la Mama linamsumbua mvua ikikaribia. Wewe na wifi Filister mwaonaje huko Kericho? Blanketi ulilotuma lilifika. Mama amelifungia sandukuni, ati ni la wageni, na wageni wenyewe hawaji.

Kaka, nimeshika kalamu kwa ajili ya kesi ya mtoto wangu Priscah. Nilipomkimbia baba yake, Nicanor, kwa sababu alikaa Sori miezi mitano akivua samaki bila kuniletea hata salamu, ni wewe uliyenipokea. Na hakimu wa Homa Bay aliposema mtoto arudi kwa baba yake Magunga, ni wewe uliyekata rufani na kupata amri ya kusimamisha hukumu hiyo, mtoto akae hapa kwetu mpaka rufani isikizwe. Nilicheka siku ile, nikidhani tumeshinda.

Lakini Priscah hakuelewa amri. Kila mwanamume mwenye kofia kama ya baba yake akipita njiani, alimkimbilia akiita Baba. Uji alikataa, omena alikataa. Nami, kaka, nilikuwa nikitazama kofia zile zile.

Alhamisi nilienda mahakamani, nikaketi benchi la nyuma. Wakili wako alisema Nicanor amemwiba mtoto na kuidharau amri. Mwanamke mmoja nyuma yangu akacheka, akasema leo ameona mwizi wa mtoto wake mwenyewe. Hakimu alimwuliza Nicanor mtoto yuko wapi, akajibu yuko kwake. Akaulizwa alifikaje huko. Nicanor alinitazama mara moja tu, akainamisha kichwa, akanyamaza. Amepewa hadi Alhamisi hii. Asipomrudisha mtoto na kujieleza, atafungwa.

Baadaye karani mmoja alinieleza kwamba amri ile haisemi nani ameshinda. Ni kama jiwe juu ya karatasi, upepo usiipeperushe. Na anayejua amri ipo akaenda kinyume, hata kama hakutajwa, ana kosa.

Kaka, Nicanor hakumwiba. Mimi ndiye niliyembeba Priscah mgongoni mpaka Magunga, ile wiki mliyodhani nimeenda kwa shangazi. Kwenye amri niliona jina lako na la Nicanor, langu sikuliona, nikadhani inawafunga ninyi wanaume tu. Nilikaa siku tatu, nikapika, tukacheka kama zamani. Siku ya kurudi mtoto alishika mguu wa baba yake, nikashindwa kumbandua. Mama aliponiuliza, nikasema yuko kwa baba yake. Mama akasema ameibwa, nami nikanyamaza mpaka ukaandikiwa barua.

Jumatano nitamleta Priscah hapa, kama amri inavyotaka. Alhamisi nitasimama mbele ya hakimu niseme haya haya. Mwambie wakili wako asinizuie. Nikifungwa, Mama atamtunza mtoto, ila Nicanor aruhusiwe kuja kumwona, na asivue kofia kabla hajafika mlangoni.

Najua nimekuaibisha, nawe ulinitetea kwa upendo. Nikemee, lakini uniandikie. Msalimu wifi sana, na Mungu awalinde.

Ni mimi dada yako mdogo,
Phelesia,
mke wa Nicanor.