Duka Lisilo na Mlango

Jumatatu, 3 Machi

Nimekamua, nimefagia zizi, nimemeza kidonge changu cha presha. Siku ya nne ya vidonge vipya. Vinatoka ng'ambo, boksi lina maandishi ya dhahabu. Kaleta mwanangu Glori. Nani mwingine hapa Kilema ana mtoto wa kumfikishia dawa nyumbani, bila foleni, bila cheti cha daktari? Chumba kimoja cha kupanga Majengo, mjini, simu moja, na watu wa Mwanza wanamwagiza. Sabuni, nywele, sasa dawa. Duka lisilo na mlango. Nimemsomesha kwa maziwa na kahawa, mimi wa darasa la saba. Acha nijisifu humu. Daftari halisengenyi.

Wifi Konsolata, dada wa marehemu mume wangu, kaliona boksi akacheka. "Mama Glori, hata presha yako inataka iwe Mzungu." Ana wivu. Yeye kila mwezi anapanga foleni kliniki kwa vidonge vyeupe vya kawaida.

Jumatano, 5 Machi

Nimepakwa majivu. Kutoka kanisani nimempa Konsolata karatasi mbili za vidonge vyangu. Nimemwambia aache vile vya kliniki, asichanganye. Jioni kaniletea mkungu wa ndizi. Hawezi kupokea kitu akakaa nacho hivihivi, ndivyo alivyo. Tumepika mtori, kanichekesha mpaka mbavu zikauma. Nampenda huyu mwanamke kuliko dada zangu.

Jumapili, 9 Machi

Baada ya misa akina mama watatu wameomba namba ya Glori. Nimewaandikia mwenyewe, kwa mwandiko mzuri.

Alhamisi, 13 Machi

Kliniki. Nesi kapima presha, kapima tena, kaniuliza nimeacha dawa? Nikamwambia nimepata nzuri kuliko zenu. Akataka kuona boksi. Nikasema liko nyumbani. Lilikuwa kwenye mkoba, chini ya leso.

Kanifundisha kama mtoto. Dawa ya presha haiuzwi bila cheti. Anayeuza awe na kibali, dawa yenyewe iwe imesajiliwa, ijulikane nani kaiingiza nchini. Za kwenye simu hakuna ajuaye ndani mna nini, huenda ni chokaa tupu. Kanipa zao. Nimezipokea kwa adabu.

Nimempigia Glori. Kasema manesi wanaona wivu, wanakosa wateja. Nimemwamini. Lakini nimemeza za kliniki. Konsolata sikumwambia kitu. Ningemwambiaje, baada ya kujisifu vile?

Jumanne, 18 Machi

Konsolata kaanguka. Alikuwa anakata majani ya ng'ombe kando ya mfereji. Kakutwa na mundu mkononi, mdomo umekwenda upande. Wameteremka naye mjini.

Siwezi kuandika.

Jumatano, 19 Machi

Kiharusi. Mkono wa kulia umekufa, mguu wa kulia umekufa. Kusema hawezi. Konsolata, ambaye hata padre alikuwa akimwomba anyamaze.

Daktari kauliza alikuwa anakunywa dawa gani. Shemeji Aloisi, mume wake, kanyoosha kidole: "Za huyu hapa." Karatasi ya vidonge ilikuwa mfukoni mwa shemeji, kaitoa. Daktari kaigeuza, kasema ataipeleka kwa wakaguzi wa dawa. Kaniuliza nimenunua wapi.

Nikasema kwa mchuuzi sokoni, simjui.

Nimedanganya mbele ya kitanda chake. Macho yake ni mazima. Alikuwa ananitazama. Anajua, nilimwambia mwenyewe ni Glori.

Ijumaa, 21 Machi

Nimekwenda Majengo bila kumpigia simu. Toka apange sijawahi kuingia ndani, huwa tunakutana stendi. Chumba kina joto, bati tupu. Chini ya kitanda ndoo ya plastiki, vidonge vimejaa kama maharage, karatasi zake zimekatwa vipande. Maboksi ya dhahabu yamelala bapa, yamefungwa kwa raba. Mwanangu ndiye anayeyakunja. Mwanangu ndiye anayejaza.

Glori kasema vinatoka kwa mtu wa kwenye simu. Hajawahi kumwona uso.

Nikamuuliza, wewe ungemeza? "Mama, mimi sina presha." Hivyo tu. Nikamwambia shangazi yako hasemi. Kalia, kweli kalia. Halafu kafuta machozi, kashika simu, kafuta ukurasa wa duka. Nikashukuru Mungu. Kabla sijamaliza maji niliyopewa, kafungua mwingine, jina jipya, picha zilezile. Kaniambia hawatampata, nisiogope.

Nilikuwa siogopi kukamatwa kwake. Nilimwogopa yeye.

Jumapili, 23 Machi

Konsolata karudi nyumbani. Nimechuma jani la isale pembeni mwa kihamba, shamba letu la migomba, nimelifunga fundo kama alivyofanya mama yangu, nimevuka mfereji kwenda kwao. Isale haikataliwi. Ukiletewa, unasamehe, hata kama moyo haujafika. Nilijua hilo wakati nachuma. Nilikuwa naenda kuchukua msamaha ambao hawana njia ya kuninyima. Aibu yangu hiyo.

Konsolata kapokea kwa mkono wa kushoto. Yeye aliyekuwa akiwachapa watoto wakipokea kwa kushoto.

Shemeji kalichukua jani mkononi mwake. Halafu: "Jani tumelipokea, Mama Glori. Jina bado."

Nikamwambia ni Glori. Kasema, "Hilo tunalijua. Wanaotaka kulisikia wako mjini."

Jumatatu, 24 Machi

Sikula. Nimewafikiria wale akina mama watatu niliowapa namba. Nimepita kwa kila mmoja. Wawili walikuwa wameagiza, mmoja ameanza kumeza. Vidonge nimevitupa chooni kwao, maboksi nimechukua. Mmoja kanitukana. Ana haki.

Jumatano, 26 Machi

Nimeteremka mjini, ofisi ya wakaguzi wa dawa. Dada wa pale kijana, rika la Glori, kanisalimia shikamoo vizuri. Nimeweka maboksi mezani. Karatasi ya maelezo nimejaza mwenyewe. Jina la muuzaji: nimeandika yote matatu, la ubatizo, la baba yake, la ukoo. Namba ya chumba. Mwandiko wangu ulikuwa mzuri. Penye uhusiano nimeandika mama.

Jumapili, 30 Machi

Glori hapokei simu. Dada wa ofisini alisema watampa nafasi ya kumtaja yule anayemletea vidonge. Sijui kama atamtaja.

Asubuhi nimekamua, nimepeleka maziwa ng'ambo ya mfereji. Nimemlisha Konsolata uji kwa kijiko, upande wa mdomo unaofanya kazi. Kisha kidonge chake cheupe cha kliniki. Kwanza nimesoma boksi, mstari kwa mstari, nikifuata kwa kidole. Amesubiri mpaka nimemaliza. Halafu amefungua mdomo.

Njiani jirani kaniuliza Glori anaendeleaje na biashara. Nikajibu hajambo, nikapita na ndoo yangu.