Mama Amepalilia Mizizi ya Lilaki ya Beryl

Mpendwa Shangazi Jepchumba, naomba msaada kabla sijaharibu zaidi, na kwanza pokea shukrani zangu, maana kila Jumamosi nakusikiliza redioni nikipika na umenituliza mara nyingi bila mwenyewe kujua.

Mimi ni mtu wa Tanga, naishi huku ughaibuni, Ingleburn, na mume wangu Haidar na binti yetu, na tulipofika hapa hatukuwa na ndugu wala jamaa, jirani yetu Beryl, bibi wa Kizungu wa miaka themanini na ushei, ndiye aliyekuwa akikaa na mtoto alfajiri mimi nikiwa bado njiani kutoka kufanya usafi maofisini mjini na Haidar keshakwenda kiwandani, akafanya hivyo miaka na miaka, na mwaka juzi alipohamia nyumba ya wazee kule Westmead alichimbua chipukizi kwenye mizizi ya lilaki yake, kile kichaka cha maua ya zambarau yanayonukia hadi barabarani, alichopandiwa na marehemu mumewe, akaja kulipanda mbele ya nyumba yetu, akatandaza vipande vya mbao chini yake, akaniambia, "Mtunzie miguu tu, mpenzi, kichwa kitajitunza." Walionunua nyumba yake waling'oa lilaki ya zamani wakajenga gereji, kwa hiyo hii yangu ndiyo iliyobaki.

Sasa mama yangu, Bi Ruqayya, yuko kwetu tangu Julai, na unawajua mama zetu, uwanja usiofagiliwa ni aibu ya nyumba nzima, kila asubuhi akishasali anafagia mpaka udongo unang'aa, vile vipande vya mbao akavizoa akavitia kwenye pipa la taka, akapalilia chini ya lilaki kwa jembe kama anavyopalilia mihogo, akakata machipukizi, akainulia udongo shinani, na mimi narudi kazini hoi naona uwanja safi namshukuru na kumbusu mkono, kumbe! Septemba imeingia, na huku kusini mwa dunia ndipo miti inapochipua baada ya baridi, majani yametoka madogo na yananyauka mchana, na nilipofukua kidogo nimekuta mizizi myembamba imekatikakatika. Beryl anakuja mwisho wa mwezi kuona maua. Haidar anasema, "Tununue mwingine tuupande hapo hapo, she won't even know." Mimi nafikiria kuung'oa niutie kwenye chungu kikubwa. Mama hajui lolote, kila siku ananiambia uwanja huu ndiyo zawadi yake kwangu. Wote wawili wamenibeba, Shangazi, nimkosee yupi?

Khamisa, Ingleburn

Khamisa mwanangu,

Asante kwa kuniandikia, na kabla hujamaliza kusoma nenda kafiche hilo jembe.

Pole, lakini nawe umeniudhi. Mama amepalilia kwa kutojua. Wewe uliyeambiwa utunze miguu hukumwambia hata kwamba kile kichaka ni amana ya mtu. Angejuaje? Na Haidar mwambie aache ujanja. Mtu aliyeishi na lilaki umri wake wote ataijua ya kununua kabla hajafika getini.

Usiung'oe. Mizizi ya lilaki haizami sana. Mingi hutambaa juu juu na kupita mbali kuliko matawi yanapoishia, na hiyo myembamba ndiyo inayokunywa maji. Ukiuhamisha sasa, wakati majani yametoka, utaimaliza iliyosalia. Ondoa kwa mkono ule udongo ulioinuliwa shinani. Tandaza tena vipande vya mbao kuzunguka mti, ila visiguse shina, acha nafasi ya kiganja. Mwagilia polepole maji yazame, kisha subiri. Ingiza kidole, ukikuta unyevu usiongeze, kwani mizizi hiyo ikikaa kwenye tope huoza. Mbolea bado. Machipukizi yakitoka, bakisha mawili yenye afya. Beryl hakununua mti wa kuunganishwa kwenye shina la mti mwingine, aliuchimbua kwenye mizizi ya ule wake, kwa hiyo kila chipukizi ni lilaki ile ile ya mumewe. Maua mwaka huu usiyategemee, lakini sioni kwa nini mti ufe.

Mama mwambie leo, mkiwa mmekaa chini, na uanze na habari za Beryl na mtoto wako, usianze na mizizi. Atalia, mwache alie. Halafu mkabidhi umwagiliaji, maana mikono ya bidii hivyo haitulii ikinyimwa kazi. Uwanja uliobaki afagie hadi aone sura yake.

Beryl naye mpigie simu kabla hajaja, umweleze yaliyotokea. Akifika, wapangie wazee wako viti viwili pale nje, mbele ya mti. Kama hawasikilizani lugha, wewe ndiye mkalimani, na mama akisema neno lake la kuomba radhi usilirembe wala usilipunguze. Lifikishe kama lilivyo, kisha nyamaza uwaachie wenyewe.

Shangazi Jepchumba