Korosho za Juu ya Gunia

Newala

Mama yangu, shikamoo.

Kuna sauti imenikaa masikioni tangu Jumamosi ile, nami huisikia asubuhi kabla sijafumbua macho. Ni sauti ya gunia la korosho likimwagwa juu ya turubai. Mwanzo ilikuwa nzito, kama udongo unaoanguka. Gunia lilipofika nusu ikabadilika, ikawa kavu na kali, kama kokoto kwenye sinia la bati. Nitakueleza, ila kwanza nipe hali zenu. Goti la Baba linamruhusu kupanda hadi shambani? Na wewe, kifua kimekuachia? Najua huko Lushoto ukungu wa sasa hauondoki mapema.

Mimi ni mzima. Nakula, nalala, na nimenenepa kidogo. Vidole tu ndivyo vimekuwa vyeusi na vinabanduka ngozi, maana ganda la korosho lina mafuta yanayounguza. Usihangaike, kila anayezikata hapa ana vidole hivi. Shida yetu kubwa ni maji. Huku juu hakuna mto. Mwenye nyumba ya bati hukinga mvua na kuitia kisimani. Mwenye nyumba ya nyasi hushuka bondeni alfajiri na kupanda na ndoo kichwani. Wewe unayelalamika kwamba mfereji wa nyuma ya nyumba unakupigia kelele, ungekaa huku wiki moja ungerudi kuuomba radhi.

Uliniuliza kazi yangu hasa ni ipi, maana Baba anawaambia watu mimi ni karani. Zamani ushirika peke yake ndio ulinunua korosho. Sasa serikali imeruhusu watu binafsi, na matajiri wanapanda huku na malori na mizani zao. Tajiri wangu ni Bwana Mushi. Mkulima akileta gunia, mimi huchukua korosho chache, nazipasua kwa kisu na kutazama ndani. Nyeupe ni nzuri. Nyeusi au yenye ukungu ni mbovu. Kwa hizo chache nalisemea gunia zima. Wakulima wananiita Bibi Kisu. Nikipita sokoni huulizana kwa sauti kama leo Bibi Kisu kaamka na huruma au kaamka na makali.

Hesabu za kidato cha sita zimenileta hapa, Mama, na sisemi kwa masikitiko. Kuna jambo kwenye kazi hii ambalo nalifikiria hata nikifua nguo. Ukitaka kuijua korosho kwa hakika, ni lazima uipasue, na ukishaipasua haiuziki tena. Ningetaka hakika ya gunia lote ningelimaliza gunia lote. Kwa hiyo tunanunua na kuuza tusichokijua, na kazi yangu ni kupunguza kutojua huko bila kuiharibu mali ya mtu. Nilipolielewa hilo nilitulia moyoni kuliko nilivyotulia mwaka mzima.

Sasa habari ya Jumamosi. Tulikuwa Mnyambe, kijiji cha humuhumu Newala, siku ya mwisho ya kununua, kwa sababu mvua zimeanza na lori lisingerudi tena. Akaja mjane mmoja, Mama Hadija, na kaka yake, wakisukuma baiskeli yenye magunia mawili. Ndiyo mavuno yake yote ya mwaka. Alikuwa ameshachimba kisima na kukisakafia, kilichobaki ni mabati ya kukingia maji. Bila korosho kununuliwa siku ile, mvua zote zingepita juu ya nyasi, naye angeshuka bondeni mwaka mwingine.

Bwana Mushi ana desturi ya kuchota mwenyewe. Alitia mkono mdomoni mwa gunia, akanipa konzi moja, nikapasua. Nyingi zilikuwa nyeusi. Gunia la pili likawa vilevile. Akamwambia azirudishe nyumbani.

Mama Hadija hakulia wala hakubembeleza. Aliniangalia mimi, si tajiri. "Mwanangu, hizo ulizokata ni za mvua ya juzi. Za mwezi wa kumi hujazigusa."

Unajua wanavyofanya huku? Gunia husimama pembeni mwa chumba, na kila zinapookotwa chini ya mkorosho humiminwa humo. Za kiangazi zinakaa chini, zilizonyeshewa zinakaa juu. Bwana Mushi akacheka, akasema tangu aanze biashara hii hajakutana na mkulima ambaye korosho zake nzuri haziko chini. Watu nao wakacheka. Kaka yake Mama Hadija akaanza kufunga kamba.

Mimi nilikuwa nimesimama na kisu, nikiwaza. Anayetaka kumdanganya mnunuzi huweka nzuri juu. Huyu ameacha mbovu juu, mahali ambapo mkono wa tajiri utafika kwanza. Basi gunia hili halijapangwa na mtu. Lakini hilo halikunithibitishia kwamba za chini ni nzuri, maana hata mvivu asiyeanika korosho zake atakuwa na mbovu juu, na chini vilevile. Kulikuwa na maelezo mawili, na konzi ya juu ingefanana katika yote mawili. Kuchota tena palepale kusingenisaidia kitu, hata nikichota mpaka jioni.

Nikamwambia, "Bosi, mkono wako umeuliza juu, na juu imejibu habari za juu. Tumwage."

Akasema lori linasubiri, na tukimwaga la mmoja watataka wote. Halafu akaniuliza mbele za watu, "Na ukikosea?"

"Naweza kukosea. Nikikosea nitayafunga magunia mwenyewe na kusukuma baiskeli hadi kwake."

Wakaniangalia viatu vyangu vya mjini, wakacheka zaidi. Nadhani kicheko hicho ndicho kilichomfanya akubali. Tulitandika turubai la lori, na hapo ndipo nilipoisikia ile sauti. Nilizichanganya kwa koleo, nikaligawa fungu sehemu nne, nikachukua robo, nikachanganya tena, ndipo nikachota na kupasua. Mbovu zilikuwemo, lakini chache. Gunia la kwanza likaingia daraja la kwanza. La pili halikuwa hivyo. Mvua ilikuwa imefika mbali zaidi, nikaliandika daraja la chini. Mama Hadija alininung'unikia hapohapo, kwamba kumbe nina huruma ya gunia moja. Nikamwambia ndicho kisu kilichosema. Akaguna, akapokea.

Wiki iliyofuata nilipita kwake. Upande mmoja wa paa una bati, upande mwingine bado nyasi. Mvua ya usiku ilikuwa imeingia kisimani kupitia upande huo mmoja. Alinipa kikombe cha maji nikanywa nimesimama, yeye akiwa bado analisema lile gunia la pili.

Nisalimie shangazi wa pale njia panda, mwambie kitenge chake bado kina rangi. Mdogo wangu wa mwisho aache kubahatisha majibu ya hesabu. Abahatishe baada ya kufikiri. Babu mzaa Baba mpe shikamoo yangu, na mke wa kaka mpe pole ya uzazi na hongera.

Haya yafuatayo nimeyaweka mwishoni kwa sababu najua unamsomea Baba kwa sauti, na hapa utataka kutangulia kwa macho. Bwana Mushi amenikataza kumwaga magunia. Alitaka msimu ujao nikae Mkomaindo, pale Masasi, kwenye ofisi yake, nisishike kisu tena. Wakulima wa Mnyambe nao waliniomba niwapimie korosho zao kabla wanunuzi hawajaja, na niwafundishe kutenga gunia la kiangazi na gunia la mvua. Hawana ofisi, na sijui kama wanunuzi watalikubali neno langu. Nimelipima hili nikiwa na hayo machache niliyonayo, kama ninavyopima kila kitu. Jumatatu nilimrudishia Bwana Mushi kisu chake. Jana nilihamia Mnyambe, na leo nimeshapasua korosho za nyumba ya kwanza kwa kisu nilichonunua mwenyewe.

Binti yako akupendaye,
Rehema