Baba Husema Shwari

Jumapili, mwezi wa saba, alasiri.

Kumetulia kabisa. Ukungu ulishuka alfajiri na mpaka sasa haujaamua kuondoka. Kutoka hapa orofa ya nne, Kilimani yote imekuwa kijivu, na miti ya ploti ya jirani imesimama kama imechorwa. Nguo nilizoanika jana bado mbichi, hata hazijapeperuka. Ndiyo baridi ya Julai. Haina mvua, haina jua, haina upepo. Inakaa tu.

Baba amelala kwenye kochi nyuma yangu. Nasikia pumzi yake. Naandika haraka kidogo kwa sababu yaliyotokea juma hili yameshaanza kufanana na ndoto, na mimi ndoto huwa nazisahau.

Yalianzia kazini, kwa neno moja.

Ofisi yetu iko katikati ya jiji, juu ya duka la viatu. Tuko wanne, tunatunga kamusi ya watoto wa shule ya msingi. Mimi niko kwenye herufi S tangu mwezi wa tano. Ijumaa ya juma lililopita nikafika kwenye *shwari*. Nilidhani halitanichukua muda. Nikaandika maana ya kwanza: hali ya bahari au anga kuwa tulivu, bila mawimbi wala dhoruba. Maana ya pili: hali ya mambo kuwa salama, bila matatizo. Nikaipeleka karatasi kwa mhariri wetu, Bi Zuhura, mama wa Mombasa ambaye hajawahi kupaza sauti tangu nimjue.

Ikarudi na maneno mawili kwa kalamu nyekundu: Upepo je?

Nikaenda mezani kwake. Akanieleza polepole kwamba sisi watu wa bara tumelichukua neno hili upande mmoja. Kwao, alipokuwa msichana, shwari ilikuwa siku ambayo maji yamelala kama yamo ndani ya sinia. Mwenye kupiga makasia hufurahi. Mwenye tanga hukaa. Haendi mbele, harudi nyuma. Hakuna baya lililompata, na bado hafiki.

"Kwa hivyo ni jambo zuri au baya?" nikamuuliza.

"Inategemea ulikuwa unakwenda wapi," akasema, akaendelea na kazi yake.

Nikarudi kwenye kiti changu. Ilikuwa saa ya chakula cha mchana, na kila Ijumaa saa hiyo humpigia baba simu. Nikampigia.

Mazungumzo yetu nayajua kwa moyo. Namuuliza yuko aje, ananijibu, "Shwari, mama." Ananiita mama kwa sababu nilipewa jina la mama yake, Nekesa. Kisha anauliza habari ya Fred, mume wangu, nami namjibu, "Shwari." Tunaagana. Hata chai haipoi.

Ijumaa ile, baada ya kukata simu, niliduwaa nikiitazama kalamu nyekundu ya Bi Zuhura. Watu wawili walikuwa wameambiana neno lile lile, na mmoja wao alikuwa amedanganya.

Fred aliondoka kwangu mwaka jana, mwezi wa nne. Baba hakuwa anajua.

Niseme jinsi neno hili lilivyoingia nyumbani kwetu. Baba ni mtu wa Bungoma, mama alikuwa Mkamba wa Kitui. Walikutana Kitisuru, kwenye jumba moja lenye bustani kubwa, yeye akiwa mtunza bustani, mama akifua na kupiga pasi. Hakuna aliyejifunza lugha ya mwenzake, kwa hivyo walipendana kwa Kiswahili na wakagombana kwa Kiswahili, nami nikakipata kama wengine wanavyopata pua ya babu yao. Mpishi wa jumba lile wakati huo alikuwa mzee wa Lamu. Ukimsalimu anajibu shwari. Baba akalipenda, akalichukua kama anavyochukua kipande cha tawi la mtu, akalipanda kwetu.

Likashika kweli. Mvua ilipoharibu mboga zetu, shwari. Mama alipolazwa, nikapiga simu nikiwa kazini, shwari. Asubuhi baada ya kumzika nilimkuta nje amesimama anaangalia migomba, nikamuuliza kama amelala. Akanijibu lile lile.

Sikuwahi kumuuliza lina maana gani.

Jumamosi nikaenda Kitisuru bila kumwarifu. Si mbali. Barabara ikiwa wazi ni nusu saa, na sikuwa nimeenda kwa miezi mitano. Hilo nalo niliandike hapa, maana nikilinyamazia nitakuwa sijaandika chochote.

Kule ukungu ni mzito kuliko huku kwetu. Barabara ni kuta na nyua ndefu za majani, na juu yake matawi yamekutana, unatembea kama uko ndani ya shuka. Hakuna jani lililotikisika. Nilisikia hatua zangu tu. Nikawa mtoto tena, narudi kutoka shule na begi mgongoni, na kwa dakika chache niliamini kabisa kwamba nikifika nitamkuta mama anapiga pasi mlangoni.

Askari wa getini ananijua, akanifungulia. Baba alikuwa kwenye waridi, amenipa mgongo. Nikataka kumwita, nikanyamaza, kwa sababu kulikuwa na kitu sikukielewa. Alikuwa amefunga kamba ya katani kutoka mti hadi mti, na alikuwa anaifuata kwa mkono wa kushoto. Mkono wa kulia ulishika mkasi. Anapapasa shina, anahesabu macho ya tawi kwa kidole gumba, anakata. Chini ya miguu yake kulikuwa na matawi makavu, na katikati yake matumba mengi mazima ambayo yangefunguka juma hili.

Baba yangu hajawahi kukata tumba.

"Baba," nikasema.

Akageuka, akatabasamu, akaelekeza uso wake pembeni kidogo ya pale nilipokuwa.

Tukaingia chumbani kwake, kile kile cha nyuma ya jumba tulichoishi watatu. Akakataa nimsaidie kutengeneza chai. Aliponimiminia aliingiza kidole ndani ya kikombe, akamimina mpaka chai ikagusa kidole, akaacha. Alifanya hivyo bila haraka, kama mtu aliyefanya mara nyingi. Nikauangalia ule mvuke ukipanda wima, haukupinda popote.

Nikamuuliza, "Baba, unaniona?"

"Nakuona, mama. Uko hapo."

"Nimevaa nguo ya rangi gani?"

Akaugeuza uso upande wa sauti yangu.

"Umevaa ya baridi," akasema.

Nilicheka. Sikutaka, kicheko kilitoka chenyewe, naye akacheka, kisha nikaona kwamba mimi sicheki tena. Akanisikia. Akaanza kuniambia ni macho tu yamechoka, "hii macho imefanya kazi miaka mingi," ni uzee, ni ukungu, yatarudi jua likitoka. Nikamuuliza tangu lini. Akasema tangu mama alipokuwa mgonjwa. Mama amefariki miaka mitatu sasa. Nikamuuliza kwa nini hakuniambia.

"Ulikuwa na yako."

Nikamwambia sina yangu, niko sawa. Hapo akaipapasa meza kwanza, akaweka kikombe chini.

"Mama, mimi sioni, lakini nasikia. Nikiongea na wewe kwa simu, mwaka mzima sijasikia mlango. Sijasikia mtu akikohoa huko nyuma. Fred alikuwa anakohoa sana."

Nikamweleza. Nilianza vibaya, nikaanzia mwisho, nikarudi. Hakuniuliza kosa lilikuwa la nani. Aliuliza tu kama napika au nanunua chakula cha dukani. Nikamwambia nanunua. Akatikisa kichwa kama mtu aliyeambiwa jambo baya kuliko lile la Fred.

Tulikaa hivyo mpaka saa sita mchana. Sijui kama tuliongea sana. Nakumbuka mwanga wa dirishani ulikuwa wa rangi moja muda wote, na kwamba sikutazama simu yangu hata mara moja.

Jumanne nilimpeleka kwa daktari wa macho mjini. Tukiwa tunasubiri aliniambia nimsomee mabango ya ukutani, nikamsomea yote, hata la kukataza watu kula. Kisha akasema kwa sauti ya chini, akiwa ameangalia mbele, "Naogopa, mama." Nimeishi miaka thelathini na minne na sikuwahi kulisikia neno hilo kinywani mwake. Nikamshika mkono, nikashangaa ulivyo mgumu.

Daktari alikuwa mwanamke mpole. Akasema ni presha ya macho, ugonjwa usio na kelele, hauumi, unakula pembeni kwanza mpaka mtu abaki na katikati kama anachungulia bomba. Jicho la kulia limekwisha. La kushoto limebakisha kidogo, na hicho kidogo kinaweza kulindwa kwa dawa ya matone asubuhi na jioni, kila siku, maisha yote. Kilichopotea hakirudi. Nikauliza ingekuwaje kama tungekuja mapema. Akanitazama kabla ya kujibu, nikajua jibu, nikamwomba aendelee tu.

Miezi mitano. Nusu saa ya barabara.

Kazini Jumatano nilimpelekea Bi Zuhura karatasi upya. Nimeongeza maana: hali ya kukosa upepo, chombo cha tanga kisiweze kusonga. Akasoma, akatia alama ya sawa, kisha akaniangalia na kuuliza kama kuna msiba. Nikamwambia hapana. Halafu nikamwambia ukweli. Akanipa ruhusa ya Ijumaa nzima.

Nikadhani kazi itakuwa kumshawishi baba aache bustani. Nilikuwa nimepanga maneno. Nilipofika Kitisuru Ijumaa nikakuta yeye mwenyewe ameshamwambia mwenye nyumba, mjane mzee anayetembea na fimbo, kwamba haoni na anaacha kazi. Kumbe yule mama alikuwa anamwona akijikwaa na miche na akadhani ameanza kunywa, akaona haya kumuuliza. Walikuwa wamekaa wote wawili kibarazani, mmoja hawezi kutembea vizuri, mwingine hawezi kuona, wanabishana kama ile miti ya nyuma ilipandwa kabla au baada ya bomba la maji kupasuka. Mama yule alimwomba akae pale pale chumbani, hata asifanye kazi. Baba akamshukuru, akakataa.

"Bustani inataka mtu anayeona nyoka," alimwambia.

Nikafurahi, nikamwambia chumba chake kwangu kiko tayari. Akasema haji kwangu, anakwenda Bungoma kwa ndugu yake. Tukagombana njia nzima ya kutoka bustanini hadi chumbani. Nikamuuliza kule nani atamtia dawa. Akaniuliza huku orofani udongo uko wapi. Nikasema maneno makali, nikamwambia anapenda kuteseka kimya. Akasema na mimi nilijifunza kwa nani. Nilisimama katikati ya njia na uso wangu unawaka katika baridi ile. Hatukuwa tumewahi kugombana. Nilikuwa na hasira na, naliandika hili kwa aibu kidogo, nilikuwa na furaha.

Mwisho tumekubaliana: mpaka mwezi wa kumi na mbili akae kwangu, daktari amwone mara mbili zaidi. Baadaye tutaangalia. Hakusema tutaangalia nini.

Jana alihama. Mifuko miwili, mkasi, na makopo sita yenye vipande vya waridi, ambayo sasa yamejaza kibaraza changu. Alipanda orofa zote nne akihesabu ngazi kwa sauti. Jioni aliitembelea nyumba yangu ndogo kwa mikono, ukuta hadi ukuta, akaniambia jikoni kwangu hakunuki chakula. Nikapika ugali na sukuma. Ugali haukuiva vizuri. Akaula wote.

Kule Kitisuru askari wa getini ndiye aliyekuwa akimtia dawa; leo asubuhi nilimtia mimi kwa mara ya kwanza. Alilaza kichwa kwenye mto wa kochi, macho wazi, ametulia kabisa. Tone la kwanza likaanguka shavuni. La pili nalo. Hakulifuta, alisubiri tu. Akanishika kifundo cha mkono kwa vidole viwili, kama anavyoshika mche, na la tatu likaingia.

Akapepesa. Akauelekeza uso dirishani.

"Ile nyeupe pale," akauliza, "ni anga ama ni pazia?"

Nikatazama. Nikamwambia ni pazia. Nikaenda nikalivuta kando, nikasimama pembeni ili nisimzibe.

Kesho nitalifungua kabla hajaamka.