Namwonea Kijicho Marehemu Yegori

Alhamisi, Malindi. Joto limekaba tangu asubuhi, na hata majani ya mwarobaini hapo nje hayatikisiki. Nimerudi kutoka mazoezini na hasira, na sina pa kuipeleka, kwa sababu ninayemkasirikia alikufa zamani, tena Urusi.

Naandika hapa bloguni kwa kuwa lazima niseme mahali.

Namwonea kijicho maiti.

Jina lake Yegori. Aliandika tamthilia enzi za Wasovieti, katika mji mdogo wenye mto, kiwanda cha matofali na jumba moja la maigizo. Marehemu baba yangu alisomea uhandisi mji huo, akamfahamu akiwa mzee tayari, na habari zake alitusimulia mpaka tukazihifadhi. Yegori hakuitwa Moscow hata mara moja. Aliwaandikia waigizaji aliokuwa nao: mwenye kigugumizi alipewa mtu wa maneno machache, na bibi aliyeumwa miguu aliandikiwa mama anayekaa mwanzo hadi mwisho. Kila tamthilia ilipitia kwanza kamati ya chama, ikarudi imekatwakatwa kwa penseli nyekundu. Yeye alikwenda nyumbani, akanywa chai, akaanza nyingine.

Baba aliitafsiri moja kwa Kiswahili, kwa mkono, madaftari mawili mazima. Mimi nimeandika tamthilia kumi na mbili, na hakusoma hata moja hadi mwisho. Alikuwa akisema, "Nitaisoma mwanangu, iweke hapo." Nikawa naziweka hapo. Nilizikuta hapo hapo siku tuliyomaliza matanga.

Sasa kikundi chetu cha maigizo, ambacho mwandishi wake ni mimi, Jumamosi kitaigiza Yegori badala yangu. Kosa nililifanya mwenyewe. Siku moja niliwasomea kurasa za mwanzo za madaftari ya baba nikitaka wacheke. Hakuna aliyecheka. Mama Dama, mwigizaji wetu mkuu, anayesema maneno yangu jukwaani mwaka wa ishirini huu, alifuta macho kwa ncha ya leso akasema, "Mwalimu, huyu mtu ananijua. Kanijulia wapi?"

Mgeni njoo, mwenyeji apone. Mgeni kaja, mwenyeji naumwa.

Mchezo wenyewe ni wa miaka ya vita vya kwanza vya Mjerumani, Yegori alipokuwa mtoto. Niliuhamishia huku kwetu Kilifi, miaka hiyo hiyo vijana walipokusanywa kwenda kubeba mizigo ya jeshi. Mama amemficha mwanawe darini, juu ya jiko. Mkuu wa kijiji anakuja na askari. Hapekui, hapigi mtu. Anaita tu jina la kijana, kwa upole wa mzazi. Na kule juu kijana, aliyelelewa vizuri, anaitika: "Labeka!"

Wanamchukua. Mama amekaa, anapukuchua mahindi. Halafu anasema, "Mimi ndiye niliyemfundisha kuitika."

Basi. Pazia.

Ni maneno manne. Katika tamthilia zangu zote kumi na mbili sina manne kama hayo, na najua kuwa sina, ndiyo maana yananiuma. Nilipokuwa nikichapa nakala za waigizaji, niliyaacha. Sikusahau. Niliyatazama, nikayaruka, nikamalizia na askari wanaondoka wakiimba. Nikajiambia watu wa Malindi wanapenda wimbo.

Kamati ya Yegori ilikata kwa hofu. Mimi nimekata kwa husuda. Wao angalau walitumia penseli, mtu akaona palipokatwa.

Leo tumefanya mazoezi ya mwisho wa mchezo. Kijana kachukuliwa, wimbo umeanza. Mama Dama alikuwa kwenye kigoda, magoti yake mabovu kayanyoosha, anapukuchua. Ghafla akainua mkono na wimbo ukakatika.

"Mwalimu, niwie radhi. Hapa pana pengo."

"Pengo gani, mama?"

"Huyu mama hawezi kunyamaza hapa. Mwanawe kaponzwa na adabu aliyompa yeye mwenyewe." Akalitazama gunzi mkononi, kisha akasema polepole, wala si kwangu: "Nilimfundisha kuitika. Labeka, mama. Labeka, baba. Ni mimi."

Mwisho ule wa Yegori, Mama Dama hajausoma wala kuusikia. Madaftari ya baba yamefungiwa kabatini kwangu.

"Umeyatoa wapi hayo?" nikamuuliza.

"Yatoke wapi tena? Mzazi yeyote angeyasema. Wewe hukuyasikia, Mwalimu?"

Nikasema tuendelee kesho, nikatoka bila kuaga.

Nilidhani wivu ungeniisha kwa kuona kwamba Yegori hana maneno hayo peke yake. Haukuisha. Sasa nina watu wawili wa kuwaonea kijicho, na mmoja nitaonana naye kesho.

Nimeyatoa madaftari. Mwandiko wa baba humo umetulia, mwandiko wa mtu asiye na haraka. Nimekumbuka alivyokuwa akiniita kutoka barazani, nami natupa chochote nilichoshika: "Labeka, baba!" Kisha husema nimletee maji, au miwani. Hakuniita hata siku moja nimsomee nilichoandika. Nilingojea mwito huo mpaka tukamzika.

Kumbe simwonei Yegori kijicho kwa sababu ya maneno manne. Baba alimsoma hadi mwisho.

Nimeshasema.

Nimechapa upya ukurasa wa mwisho. Askari hawaimbi tena. Nilitaka kurudisha maneno ya Yegori kama yalivyo, lakini nimeandika ya Mama Dama, pamoja na labeka zake mbili. Mtu aliyewaandikia waigizaji aliokuwa nao, nadhani angefanya hivyo hivyo.

Kesho saa kumi jioni watauliza ukurasa umebadilikaje. Naweza kusingizia mashine ya kuchapia, nao wataamini. Lakini Mama Dama ataniita, "Mwalimu!" kwa sauti yake ile ya upole. Nitaitika, kisha niseme kama alivyosema yeye: ni mimi.