Mluzi kutoka Roshani ya Juu

Parma, 11 Machi 1961

Kwako dada yangu Norina,

Pokea salamu nyingi za nyumbani. Je, kikohozi kimekuacha? Mama anauliza kama unavaa ile fulana ya sufi. Sisi ni wazima, ila wiki hii imekuwa ngumu kwa Babu Oreste. Tangu Jumapili mtaa mzima ulimsusa. Kinyozi Amilcare alikataa kumnyoa, akamwambia akatafute wembe kwa mbuzi wenzake. Walisema ndiye aliyempigia Bibi Ersilia Bocchialini mluzi wa kumkataa.

Unajua tunavyompenda Bibi Ersilia. Miaka arobaini na mmoja jukwaani! Babu alimsikia tangu akiwa binti wa mfua nguo, amevaa viatu vya kuazima. Baadaye sinema zikamwita. Mwanzoni walichukua sauti yake tu, wakaitia kinywani mwa mwigizaji mrembo; naye Bibi Ersilia akanunua tiketi kama watu wengine, akaenda kujisikiliza. Kisha wakampiga picha mwenyewe, na Mama aliitazama ile sinema ya mjane mara sita, akilia palepale kila mara. Hata hivyo kila majira ya baridi alirudi kuimba kwetu, ambako watu wa roshani ya juu ya ukumbi hawamsamehe mtu. Alikuwa akisema kwamba sinema hulikata kosa, lakini Parma hulisikia.

Jumapili alasiri aliimba kwa mara ya mwisho. Mimi na Babu tulikuwa juu kabisa, tumebanana na wauza jibini. Bibi Ersilia ana miaka sitini na mitatu, lakini alipofungua kinywa nilisahau kama nina miguu. Kwenye wimbo wa sala, nota yake ya juu ilianguka kidogo. Ukumbi ukanyamaza. Ndipo mluzi ukalia. Bibi Ersilia akainua macho kututazama, kisha akaendelea mpaka mwisho. Watu wakamgeukia Babu, kwa kuwa mwaka jana alimzomea mwimbaji hadi akakimbia. "Mzee, huna haya?" Babu akaapa kuwa si yeye. Muuza jibini mmoja akamjibu, "Basi ni pua yako iliyolia!"

Dada, mluzi ule ulikuwa wangu. Babu amenifundisha tangu utotoni kwamba nota iliyoanguka haiachwi, hata aliyeiangusha awe nani, na mdomo wangu ukatangulia akili. Siku nne nilinyamaza kwa woga. Alhamisi nilikwenda kumwomba radhi Bibi Ersilia. Aliniuliza nota ilianguka kwenye neno gani, nikamtajia. Akasema ni kweli, na kwamba wengine walimhurumia kama mgonjwa. Aliposikia mluzi alijua bado anahesabiwa kuwa mwimbaji. Akaniambia niimbe, nami nikaimba. Amesema niende kwake kila Jumanne anifundishe, lakini kwanza nimsafishie Babu jina.

Jana nilimpeleka Babu kwa Amilcare, watu wamejaa, nikasema yote. Amilcare alibaki na brashi mkononi, sabuni ikidondoka. Kisha akamvutia Babu kiti. Babu hakunigombeza. Tulipokuwa tukirudi, tulipofika darajani, akaniambia polepole kwamba naye aliisikia nota ile, ila amempenda Bibi Ersilia mno kwa miaka yote hiyo, na midomo yake ikakataa. Ameniomba nisimwambie mtu. Nakuambia wewe tu.

Wasalimie wenzako wote kiwandani, na uniombee Jumanne.

Mdogo wako akupendaye,
Delfina